Msimhamishe anapoanza kuielewa Asia

Ndugu Mhariri,

Wiki mbili zilizopita msomaji mwenzetu aliandika katika ukurasa huu kwamba maofisa wetu wa ubalozi walioko Asia hawana haja ya kuhangaika na Kichina, Kijapani wala Kikorea, kwa kuwa siku hizi simu ya mkononi inatafsiri kila kitu papo hapo. Barua yake niliisoma mara mbili. Mara ya kwanza iliniudhi. Mara ya pili nikamwelewa: hajakaa ndani ya ubalozi akaona kazi inavyokwenda. Mimi nimekaa. Nilikuwa karani wa masijala katika kituo chetu kimoja barani Asia kwa miaka mitano, na miaka mingine yote ya utumishi wangu niliimalizia masijala ya hapa nyumbani. Jina la kituo naomba nilihifadhi, maana sikuandika ili nimchongee mtu.

Kwa wasioijua, masijala ndiko majalada yanakotunzwa. Barua ikiingia inapita mkononi mwa karani, ikitoka inapita mkononi mwake. Balozi atakuja na kuondoka, makatibu watakuja na kuondoka, jalada linabaki palepale kabatini. Kwa hiyo karani huona jambo ambalo mabosi wake hawalioni. Huiona kazi ya mtu wa kwanza, wa pili na wa tatu ikiwa imefungwa ndani ya jalada moja, na kwa kufunua tu karatasi anajua ni ukurasa gani ambapo aliyekuwa anaelewa aliondoka na asiyeelewa akaingia. Kwanza barua zinarefuka. Halafu majibu yanaanza kuchelewa. Halafu yanaacha kuja.

Nilipofika kituoni nilimkuta Katibu wa Pili, yaani ofisa wa ubalozi, ambaye alikuwa na mwaka wa tatu pale. Kijana wa miaka thelathini na kitu, mpole, asiyependa gari la ofisi. Alikuja kazini kwa basi. Jioni alikuwa akikaa na fundi baiskeli mmoja mzee kwenye kona ya mtaa wetu, kwenye kigoda cha plastiki, akizungumza naye huku yule mzee anaziba pancha. Wenzake walidhani anapoteza muda. Alikuwa na kauntabuku la kwaya tatu, mgongo mwekundu, ambalo hakuliacha hata akienda kula. Siku moja alilisahau juu ya meza yangu, nikalifungua.

Kila ukurasa aliugawa mara tatu kwa rula. Kushoto neno kwa herufi za wenyeji. Katikati neno hilohilo jinsi linavyotamkwa, kwa herufi zetu, na vijistari vya kupanda na kushuka kwa sauti. Kulia nilidhani nitakuta maana yake kwa Kiswahili. Hapana. Kulia aliandika nani alilisema, lini, na nini kilifuata. Nakumbuka mstari mmoja kama nausoma sasa: “Bwana wa idara ya forodha akisema ‘tutalitazama’, subiri wiki moja, ameshakubali. Mkubwa wake akisema hivyohivyo, usisubiri, amekataa.” Neno moja, vinywa viwili, maana mbili. Namuuliza msomaji mwenzangu kwa heshima kabisa: simu gani itamwambia hilo?

Usiku mmoja wa baridi kali ilipigwa simu kutoka Singida. Mama wa watu, binti yake anasoma chuo katika mji ulio mbali sana na mji mkuu, hajapokea simu siku mbili, wenzake wamesema tu kwamba alichukuliwa na gari la wagonjwa. Mama yule alikuwa anasema neno moja tu, “Mwanangu, nisaidie, mwanangu, nisaidie.” Katibu alikuwa bado ofisini. Hakuita mkalimani. Alifungua kauntabuku, akatafuta jina la mtu wa ofisi ya wanafunzi wa kigeni katika mji ule, akampigia nyumbani saa nne usiku, akaomba radhi kwanza kwa maneno marefu ya adabu ya kule, akauliza habari za mkewe, ndipo akaeleza shida. Yule bwana akampa namba ya wodi. Kabla saa haijaisha Katibu alikuwa anazungumza na muuguzi wa zamu. Akampigia mama: “Mama, binti yako amepasuliwa kidole tumbo. Ameamka. Amekunywa uji.” Nilikuwa nimesimama mlangoni na jalada mkononi, nikasikia kilio cha mama yule kikitoka kwenye mkonga wa simu kama yumo chumbani.

Mwaka uliofuata miaka yake minne ikatimia, akahamishiwa Ulaya. Aliyekuja kushika nafasi yake alikuwa mtu mzuri na mchapakazi. Alikuwa na miaka kumi ya vituo vinavyozungumza Kifaransa, na Kifaransa chake kilikuwa safi. Waraka wa makabidhiano ulikuwa ukurasa mmoja na nusu: funguo, samani, gari, madeni ya simu. Kauntabuku Katibu aliniachia mimi, nimkabidhi mwenzake. Nikamkabidhi. Baada ya siku tatu akanirudishia, akasema bila ubaya wowote, “Dada, hili mwenyewe tu ndiye anayeweza kulisoma.”

Miezi michache baadaye yakatokea yaleyale. Mwanafunzi, safari hii mvulana, mji mwingine, amelazwa na haijulikani wapi. Ilikuwa sikukuu za mwaka mpya wa kule, ambapo nchi nzima inasafiri kwenda kwao, na mkalimani wetu naye alikuwa amekwenda kwao. Tulituma barua rasmi, tukangoja. Tulipiga simu, ikapokelewa, tukasema, hatukuelewana, ikakatwa. Siku tatu. Kijana alipona, namshukuru Mungu, lakini siku tatu zile mama yake hakujua kama ana mtoto au hana. Hakuna aliyefanya uzembe. Nasisitiza hilo. Yule ofisa hakulala. Ila hakuwa na mtu wa kumpigia nyumbani saa nne usiku, na mtu wa namna hiyo hapatikani kwa siku tatu, anapatikana kwa miaka mitatu ya kuuliza habari za mkewe.

Ndugu Mhariri, hoja yangu ni moja. Ofisa tuliyempeleka Asia akaanza kuielewa, asihamishiwe upande mwingine wa dunia. Ahame mji, asihame jambo.

Najua kwamba tumewahi kufanya hivyo na kwamba ilitulipa. Tumtazame Balozi Salim Ahmed Salim. Wengi wanamkumbuka kwa OAU, Umoja wa Nchi Huru za Afrika, ambako alikuwa Katibu Mkuu kuanzia 1989 hadi 2001, au kwa uwaziri mkuu. Vijana hawajui kwamba njia yake ilipita Asia. Mwaka 1964 alikuwa balozi Misri akiwa na umri wa miaka 22. Mwaka 1965 akapelekwa New Delhi, akakaa hadi 1968, na akiwa huko alisoma St. Stephen's College. Mwaka 1969 akawa Beijing. Mwaka uliofuata akapelekwa Umoja wa Mataifa, New York, akakaa miaka kumi. Mtu anaweza kuniambia kwamba Beijing hakukaa sana. Ni kweli. Lakini suala kubwa la Asia lililokuwa mezani New York wakati ule lilikuwa kiti cha China, yaani kikaliwe na serikali ya Beijing au ile ya Taiwan, na aliyekwenda kulisimamia kwa niaba ya Tanzania alikuwa mtu aliyetoka kuishi Delhi na Beijing, anayewajua wanaosema na anajua wanamaanisha nini wanaponyamaza. Tarehe 25 Oktoba 1971 azimio namba 2758 lilipita kwa kura 76 dhidi ya 35, nchi 17 hazikupiga upande wowote, na Beijing ikapewa kiti. Furaha ya wajumbe wetu ukumbini siku ile inasimuliwa hadi leo.

Miaka kumi baadaye, 1981, Salim aligombea Ukatibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa. Marekani ilimzuia kwa kura ya turufu. China nayo ikamzuia Kurt Waldheim, aliyekuwa anataka muhula wa tatu, mara 16 mfululizo. Mara kumi na sita! Hatimaye nafasi ikaenda kwa Javier Pérez de Cuéllar wa Peru. Salim hakuipata, lakini nchi haikusimamii mara 16 kwa sababu ulikutana nao kwenye dhifa moja. Na hawakusahau: mwaka 2019 China ilimtunuku Nishani ya Urafiki.

Wengine wamelipia kwa damu kosa la kutowasikiliza wanaoielewa Asia. Mwaka 1950, vita vya Korea vikiwa vimepamba moto, balozi wa India mjini Beijing alikuwa K. M. Panikkar, mwanahistoria, aliyekuwa China tangu 1948, kabla Wakomunisti hawajaingia madarakani. Usiku wa manane wa kuamkia tarehe 3 Oktoba aliamshwa akaitwa kwa Waziri Mkuu Zhou Enlai. Akaambiwa kwamba majeshi ya Marekani yakivuka mstari wa 38 kuingia Korea Kaskazini, China itaingia vitani. Panikkar akaupeleka ujumbe. Ulifika Washington. Haukuaminiwa, kwa sababu walishamhesabu Panikkar kuwa ni mtu anayewapenda mno Wachina. Majeshi yakavuka. Kabla ya mwezi kwisha Wachina walikuwa wamevuka mto Yalu kuingia Korea, na vita vikaendelea hadi Julai 1953. Namfikiria sana mzee yule akirudi nyumbani kwake alfajiri na neno zito namna ile kifuani, akijua analopeleka ni kweli.

Wamarekani walikuwa na maofisa wao wa kibalozi pia wenye uwezo wa kuwaambia. John Service alizaliwa Chengdu mwaka 1909, John Paton Davies naye alizaliwa mkoa huohuo wa Sichuan, wote watoto wa wamisionari, wote wakikijua Kichina. Mwaka 1944 Service alikwenda Yan'an, ngome ya Wakomunisti wa China, akaketi na kina Mao, akaandika kwa serikali yake kwamba watu hawa wana nguvu, hawawezi kupuuzwa. Aliyoyaandika yalikuja kutimia, naye akageuzwa kuwa mshukiwa. Alifukuzwa kazi 1951. Davies akafukuzwa 1954. Mahakama ya Juu ya Marekani ilimrudishia Service haki yake 1957, lakini idara yao ya mambo ya nje ilikuwa imeshabaki tupu, na waliobaki walikuwa wamejifunza kunyamaza. Robert McNamara, aliyekuwa Waziri wa Ulinzi wakati wa vita vya Vietnam, alikiri uzeeni kwamba walipoingia vitani kule, watu waliokuwa wanaijua Asia vizuri walikuwa wameshaondolewa.

Sisi hatumfukuzi mtaalamu wetu wala hatumwiti msaliti. Tunamwandikia barua nzuri ya uhamisho, tunampa nauli na posho ya usumbufu. Lakini kabatini kwangu, Ndugu Mhariri, jalada linaonyesha matokeo yaleyale.

Nirudi kwenye lugha, maana ndiyo iliyonifanya nishike kalamu. Mwaka 1979 Marekani na China zilitoa tamko la pamoja la kuanzisha uhusiano wa kibalozi. Ndani yake mna sentensi kuhusu msimamo wa China kwamba Taiwan ni sehemu yake. Katika nakala ya Kiingereza, Marekani inatumia neno ambalo mtu anaweza kulisoma kuwa “nimesikia msimamo wako”. Katika nakala ya Kichina neno lililowekwa ni chengren, ambalo Mchina akilisoma anaelewa “ninaukubali”. Tamko lao la 1972, katika nakala ya Kichina, lilikuwa limetumia neno jingine, jepesi zaidi. Miaka zaidi ya arobaini imepita, na wanasheria na mabalozi wa nchi hizo mbili bado wanavutana kwa neno hilo moja. Hayo ni mataifa makubwa yenye wakalimani wa kila aina. Sisi tukisaini mkataba wa bandari, wa madini au wa reli wenye nakala ya lugha yao, nani upande wetu anaisoma nakala ya pili? Nimekuwa nikijiuliza hivyo tangu nilipokuwa naigonga mihuri.

Wenzetu wa China walishafanya kazi yao mapema. Radio Peking ilianza kutangaza kwa Kiswahili Septemba 1961, miezi mitatu kabla Tanganyika haijapata uhuru. Hebu tulifikirie hilo. Bendera yetu haijapanda, tayari kijana wa Kichina anajifunza kusema “hamjambo wasikilizaji”. Mkataba wa reli ya Uhuru, TAZARA, uliposainiwa tarehe 5 Septemba 1967, upande wao ulikuwa na watu walioijua lugha yetu. Reli ile ya kilomita 1,860 ilijengwa, zaidi ya wataalamu 60 wa Kichina wakapoteza maisha, makaburi ya baadhi yao yapo Gongo la Mboto hadi leo. Septemba 2024 viongozi wetu walikuwa Beijing wakati hati ya kuifufua reli hiyohiyo inasainiwa. Nina hakika kabisa kwamba upande wa pili wa meza alikuwepo mtu ambaye kazi yake yote, tangu ana miaka ishirini, ni sisi. Anajua Kiswahili, anajua Simba na Yanga, anajua tukisema “tutaona” tunamaanisha nini. Kiswahili kinafundishwa Beijing, kinafundishwa Osaka, kinafundishwa Korea Kusini. Wanatusoma.

Gharama si ndogo, sikatai. Idara ya mambo ya nje ya Marekani humpa ofisa wake wiki 88 za kujifunza Kichina, Kijapani au Kikorea, kama saa 2,200 darasani, wakati Kifaransa au Kihispania hupewa chini ya nusu ya muda huo. Tajiri yule naye anaona hakuna njia ya mkato. Sasa sisi tukimtoa mtu baada ya miaka minne tunakuwa tumemlipia shule, ameanza kusoma na kuandika, tunamwambia aache. Anayekuja nyuma yake anaanza na “habari za asubuhi”. Nimeiona hesabu hiyo majaladani ikifanyika mara tatu katika kiti kimoja.

Naomba wahusika waipokee rai hii kutoka kwa mtu wa chini. Wachague vijana wachache, hata wanane tu, kwa mapenzi yao wenyewe. Mmoja apewe China, akimaliza Beijing arudi dawati la Asia hapa nyumbani, kisha arudi tena huko, Guangzhou au kwingineko waliko wafanyabiashara wetu. Mwingine ashike India, mwingine Japani na Korea, mwingine Indonesia, Malaysia na Vietnam. Wapandishwe vyeo humohumo. Hofu kubwa ya vijana niliowajua ni kwamba ukibobea kwenye nchi moja unasahauliwa, wenzako wanaozunguka Geneva na Brussels wanakupita. Hofu hiyo ni ya kweli, nimeiona katika majalada ya upandishaji vyeo, na ni serikali pekee inayoweza kuiondoa. Na makabidhiano yaache kuwa ya funguo na samani. Anayeondoka akae na anayeingia miezi mitatu, ampeleke nyumbani kwa watu, amjulishe kwa fundi baiskeli.

Yule Katibu wa Pili hakurudi tena Asia. Alizunguka Ulaya, akarudi wizarani, akastaafu mwaka juzi. Kauntabuku nilikuwa nalo mimi miaka yote hiyo, kwenye sanduku la vitenge. Mwaka jana alipita nyumbani kunijulia hali baada ya kusikia nimefiwa. Nilipomaliza kumpa chai nikalitoa, nikamwekea mezani. Alishika mgongo wake mwekundu kwanza, akalifungua katikati, akaanza kusoma kwa sauti ya chini huku kidole kinafuata mstari. Alisoma mistari miwili mitatu vizuri. Kisha kidole kikasimama. Akafunua ukurasa mwingine, kikasimama tena. “Dada,” akasema, “nusu ya herufi hizi zimenitoka.”

Karani wa masijala mstaafu,
Morogoro